Mama Kibali na Sebule ya Shangazi

Mtu akiniuliza mke wangu anafanya kazi gani, nasema ni mtayarishaji wa filamu, halafu nasubiri swali la pili, maana halikosi. "Kumbe ni mwigizaji?" Haigizi. "Basi ndiye anayeshika kamera?" Hashiki. "Sasa anafanya nini?" Hapo ndipo ninapopandwa na hasira, kwa sababu mimi mwenyewe niliuliza hivyohivyo kwa miaka mingi tukiwa tunalala chini ya paa moja, na sipendi kukumbushwa ujinga wangu.

Mtayarishaji ni yule ambaye bila yeye hakuna anayekuja. Mwongozaji anajua sini, yaani tukio moja la filamu, itakuwaje. Mtayarishaji anajua mwigizaji atafikaje, nani atamletea chai, mvua ikinyesha watahamia wapi, na yule fundi wa kuchomelea vyuma wa nyumba ya jirani atanyamazishwaje kwa dakika arobaini. Huyo fundi watu wazima watatu walishamwomba, akawatolea macho. Mke wangu akaenda, akamkagua kuanzia juu hadi chini, akamwambia, "Uso wako unafaa kuwa wa askari kwenye filamu yangu. Njoo saa nne." Saa nne fundi alikuwa amenyoa ndevu, amefunga karakana, amekaa kwenye ngazi anajizoeza neno lake moja. Neno lenyewe lilikuwa "Hapana," na alilisema vizuri kweli.

Wenzake wanamwita Mama Kibali. Kibali cha kupiga picha barabarani, kibali cha kuingia stendi, kibali cha kufunga ngazi za jengo zima kwa nusu saa: anaingia ofisini na barua mkononi na hatoki bila mhuri. Yupo afisa mmoja aliyemgongea mhuri akiwa amesimama, ili mradi aondoke. Lakini kibali kilichomtoa jasho kuliko vyote hakikuwa cha serikali. Kilikuwa cha sebule ya shangazi yangu, alichokipata kwa neno moja, na yaliyofuata ndiyo ninayotaka kuwasimulia.

Kwanza mjue alikotoka. Miaka tisa alikaa mapokezi kwenye ofisi ya bima, nyuma ya kioo, akiwaambia watu wasubiri. Watu wakisubiri huongea, naye ana sikio. Likizo yake moja akatengeneza filamu ya dakika kumi. Likizo iliyofuata akatengeneza nyingine. Mimi nilikuwa nadhani ni mambo ya kupitisha muda. Mwaka wa tatu akaomba likizo ndefu bila malipo, atengeneze filamu kamili, yake mwenyewe, isiyo na kampuni nyuma yake wala tajiri mbele yake. Bosi wake akamwambia kiti chake kitamsubiri hadi tarehe mosi. Ikifika tarehe mosi, akikalie au akiache moja kwa moja.

Siku hiyo alirudi nyumbani, akaweka mkoba mezani, akaniambia, "Baba watoto, nisikilize. Hii nikiikamilisha, sirudi tena kwenye kioo. Isipokamilika, nitarudi, na filamu sitazigusa tena. Na usije ukanibembeleza." Namjua. Akishasema, amesema.

Mimi ni mwalimu wa udereva. Gari langu lina breki mbili, moja ya mwanafunzi na moja ya kwangu, kwa hiyo nimezoea kukaa kando ya mtu anayekosea na kumzuia kabla hajagonga ukuta. Kwa mke wangu breki hiyo sina. Nilichoweza ni kuwa dereva wa kundi lake, nikibeba kamera, taa na watu, na kuwapanga wanafunzi wangu katikati ya safari hizo.

Hadithi ya filamu ilikuwa nyepesi. Mzee mjane amekaa miaka arobaini kwenye nyumba yake, watoto wanataka iuzwe, yeye hataki. Mwishowe anashindwa, anafunga mlango na kuondoka. Wa kuigiza mzee huyo mke wangu alikuwa amemwona siku nyingi, kwenye foleni ya bima: mwalimu mstaafu wa jiografia, mrefu, mwenye sauti ya kukufanya ukae wima. Hakuwahi kuigiza. Kila mtu alimwita Mwalimu. Shida yake ilikuwa moja tu, kwamba tarehe ishirini na nane Februari, siku ya Alhamisi, alikuwa anapanda ndege kwenda kuishi kwa binti yake, ng'ambo. Nyumba yake alishaiachia. Hakuna kumwita tena. Lazima tumalize kufikia Jumatano.

Nyumba ilikuwa ya Shangazi, dada yake marehemu baba yangu, muuguzi mstaafu anayeishi peke yake. Mwongozaji tulimwita Profesa, kwa ajili ya miwani na maneno magumu, ingawa maisha yake yote alikuwa amepiga picha za harusi. Siku tuliyompeleka kuiona sebule, alishika kifua. Shangazi akadhani anaumwa, akamkalisha na kumpima mapigo. Kumbe ni ukuta. Rangi ya samawati iliyopauka, imebanduka vipandevipande, na pale lilipowahi kusimama kabati pamebaki mraba wa rangi mpya kabisa. "Ukuta huu ndio filamu," Profesa alisema. Shangazi akaniangalia kama kuniuliza huyu mtu nimemwokota wapi.

Tukaanza. Jamani, raha ile! Asubuhi sebule inajaa nyaya, mtu wa sauti anapita akizima kila kinachovuma. Friji la Shangazi lilikuwa adui yake mkubwa. Alilizima, na ili asisahau kuliwasha tena, akaweka funguo za gari langu ndani yake, maana bila funguo hatuondoki. Ni ujanja wa watu wa filamu, wanasema. Mara mbili nilimchelewesha mwanafunzi nikihangaika kutafuta funguo, na mara zote mbili zilikuwa zimelala zimepoa kando ya nyanya.

Jambo jingine la watu hawa ni kwamba hawafuati hadithi inavyokwenda. Chumbani kwetu mke wangu alibandika karatasi ukuta mzima, kila sini na karatasi yake, kisha akazipangua kwa kufuata mahali, mwanga na nani ana nafasi siku gani. Leo mzee anagombana na mwanawe, kesho mnapiga ugomvi ulipoanzia. Mimi nililielewa siku ya tatu. Profesa alilijua tangu zamani. Ilibaki mtu mmoja ambaye hakuna aliyefikiria kumwelezea.

Jumamosi tukapiga mwisho. Mwalimu na sanduku lake, anaitazama sebule, anatoka, anafunga mlango. Ilirudiwa mara sita. Ya sita Profesa alipiga kelele, "Kata!" watu wakapiga makofi, Shangazi akapiga vigelegele na kumkumbatia Mwalimu huku machozi yanamtoka. Tukaagana tukiwa na furaha tele. Jumapili tukapumzika. Zilibaki sini tatu, zote za sebuleni, na siku tatu za kuzipiga.

Jumatatu saa mbili asubuhi nilisimamisha gari nje ya geti, na kabla sijafungua mlango nikasikia harufu ya rangi.

Mke wangu aliruka chini kabla gari halijatulia. Nilimkuta amesimama katikati ya sebule, mkoba umeteleza begani. Ukuta ulikuwa wa njano. Si njano ya kujificha, ni njano ya ndimu iliyoiva, kona hadi kona, dari nyeupe inang'aa, mapazia mapya ya maua. Na Shangazi mwenyewe yuko pale, madoa ya rangi kwenye kitambaa chake cha kichwa, anatabasamu hadi jino la mwisho.

"Karibuni! Haya, mnaionaje?"

"Shangazi," mke wangu alisema kwa sauti ndogo, "imekuwaje?"

"Si mmemaliza, mwanangu? Juzi si nimemwona Mwalimu kwa macho yangu haya anafunga mlango anaondoka zake, mkapiga makofi? Nikasema, hawa wanangu Jumatatu wanakuja kuchukua vitu vyao na kuaga. Wasinikute kwenye banda! Nikamwita fundi jana asubuhi, tumepiga rangi hadi jioni. Leo saa sita anarudi kumalizia jikoni."

Profesa alikaa juu ya sanduku la kamera, akashika tama. "Imekufa," alisema. "Filamu imekufa." Mimi damu ilishanipanda kichwani. Nilifungua kinywa nimwambie Shangazi yote, na mke wangu akanitazama mara moja tu. Nikakifunga.

"Shangazi, imependeza," alimwambia. "Naona hata mkono haukutetemeka." Kisha akatutoa sote hadi uani, nyuma ya jiko, akageuka. "Aliyepaswa kumwelezea ni mimi. Sikumwelezea. Atakayemwambia mama wa watu kuwa ameharibu kitu, atanitambua leo."

Tukaanza kutoa mawazo. Profesa alitaka tuipake matope. Mimi nikasema tutundike mashuka, tuseme mzee anafua. Mtu wa sauti akatukumbusha kwamba kwenye masikio yake ukuta ni uleule. Hata tungeupata ukuta unaofanana, sini ya mwisho ilishapigwa na samawati nyuma yake, na sini tatu za kabla yake sasa zingekuwa za njano. Mtu hawezi kuishi kwenye nyumba mpya kisha akaiaga ya zamani.

Mke wangu alikaa kwenye ndoo iliyopinduliwa, karatasi zake za sini mapajani. "Ijumaa ni tarehe mosi," alisema, hakumwambia mtu yeyote. Nikamwona akinywea, mabega yakishuka, na nikajua anaona kile kioo cha mapokezi. Iliniuma. Nasema wazi, iliniuma kuliko kitu chochote cha kwangu mwenyewe.

Shangazi akatoa kichwa kwenye dirisha la jikoni. "Na huyo Mwalimu akija leo, mumpokee getini! Atapita hapa adhani si penyewe!"

Mke wangu akainua uso. "Umesemaje, Shangazi?"

"Nasema atapotea. Mlango ni ule, ndani si kule."

Akasimama, ndoo ikabingirika. "Profesa, kwenye filamu, nani kapaka rangi?"

"Sasa si huyu Shangazi wa—"

"Kwenye filamu! Mzee ameondoka, amefunga mlango. Nani kapaka? Watoto! Wamepaka ili iuzwe. Na mzee kasahau miwani dirishani, anarudi kuichukua. Ufunguo bado anao. Anafungua." Alikuwa anaongea haraka kiasi cha kumeza maneno. "Ule wa Jumamosi haukuwa mwisho. Mwisho hatujaupiga!"

Profesa alivua miwani, akaivaa, akaivua tena. "Na zile sini tatu zilizobaki?"

"Moja tunaifuta. Mbili za ugomvi, jikoni. Jikoni bado samawati!"

Hapo wote tukakumbuka saa sita. Sikungoja kutumwa. Niliendesha kama wanafunzi wangu wa wiki ya kwanza, nikamkuta fundi rangi njiani na ndoo yake, anakuja kwa mwendo wa mtu aliyelipwa tayari. Sikuwa na uongo ulio tayari, kwa hiyo nikamwambia ingia, nakufundisha kuendesha, bure. Mpaka saa saba alikuwa ameshajua gia tatu na kuharibu ua mmoja wa watu. Jiko hakuligusa.

Mwalimu alipofika, Profesa alitaka tumfiche. Tumpitishe mlango wa nyuma, tusimwambie lolote, kesho aingie aone, tupate mshtuko wa kweli. Mke wangu alimgeukia. "Mwalimu si panya wa kutegwa. Ni mwigizaji wangu." Akakaa naye kwenye ngazi ya uani, akamweleza kila kitu, rangi, mwisho mpya, kosa lake mwenyewe. Kisha akamuuliza, "Unataka kuiona sasa, au uione mbele ya kamera?"

Mwalimu alifikiri. "Nisiione," alisema.

Alasiri nzima tulimpitisha jikoni kwa nyuma. Zile sini mbili za ugomvi zilitoka moto kweli. Jiko ni dogo, mzee na mwanawe wanagombana huku wanapishana na masufuria, na mara moja Mwalimu alimwamuru kijana akae, kijana akakaa chini sakafuni kwa woga wa kweli. Tulicheka hadi mtu wa sauti akatutoa nje.

Jumanne saa tatu asubuhi kila kitu kilikuwa tayari. Kamera kwenye kona inautazama mlango wa mbele, miwani dirishani, friji limezimwa, funguo zangu ndani yake. Shangazi aliwekwa jikoni kwenye kigoda, akaambiwa asikohoe. Mwalimu alikuwa nje na ufunguo. Kwenye maandishi hakuwa na neno hata moja: anafungua, anaingia, anatazama, anachukua miwani, anaondoka. Mke wangu alisimama karibu yangu, amenishika kiganja, na vidole vyake vilikuwa vya baridi.

Ufunguo ulizunguka. Mlango ukafunguka, mguu mmoja ukaingia. Mwalimu akaona.

Macho yake yalikwenda polepole kutoka ukuta hadi ukuta, yakasimama pale palipokuwa na ule mraba wa kabati, ambapo sasa hapakuwa na kitu. Kisha, na hili hakuna aliyeliandika, aliurudisha mguu wake nje. Akauvuta mlango hadi ukabaki wazi kidogo tu. Tukasikia kidole kinagonga ubao, mara mbili, kwa adabu, kama mgeni.

"Hodi?"

Na kutoka jikoni, mwanamke aliyeitikia hodi za nyumba hiyo tangu alipoolewa, aliyekatazwa hata kukohoa, alijibu bila kujua kama amefungua mdomo:

"Karibuuu!"

Nilifumba macho. Nikangoja Profesa aseme kata. Hakusema. Nilipofumbua, mtu wa sauti alikuwa amebana vipokea sauti masikioni kwa mikono miwili, mdomo wazi. Kwenye ule uwazi wa mlango Mwalimu alikuwa amesimama anausikiliza ule ukaribisho, sauti ya mama mgeni kwenye nyumba yake. Akautazama ufunguo kiganjani. Akainama, akauweka chini kizingitini, taratibu. Nyayo zake zikasikika kwenye kokoto hadi getini.

"Kata," Profesa alisema, kwa mnong'ono.

Shangazi alitoka jikoni mbio, mikono mdomoni. "Nimeharibu! Jamani, nimewaharibia! Mdomo wangu huu!" Mke wangu alimfikia kabla hajamaliza, akamkumbatia na kumnyanyua juu, mtu mzima yule, kanga ikaburuta. "Shangazi, umetumalizia filamu! Wewe ndiye umeimaliza!" Basi ikawa vurugu. Profesa analia na miwani yake, fundi wa vyuma aliyekuja tu kuchungulia anapiga makofi, mimi niliruka nikagonga kichwa kwenye taa na sikusikia maumivu hadi jioni. Shangazi alikuwa anauliza kila mtu, "Nimefanya nini? Nimefanya nini hasa?" na kila mtu alimjibu kwa kumbusu.

Profesa alipopata pumzi alisema kile ambacho waongozaji wote husema. "Mara moja tena, kwa usalama." Ndiyo kanuni yao. Haijalishi imetoka nzuri kiasi gani, unapiga ya pili, isije ya kwanza ikawa na dosari ambayo jicho halikuiona.

Mwalimu alikuwa ameshaingia. Alisimama sebuleni, akautazama ukuta kwa makini kama anayesahihisha daftari. "Rangi nzuri," alimwambia Shangazi. Kisha akamgeukia Profesa. "Mniwie radhi, mwanangu. Sirudii. Hodi nyingine nimeiweka ya Alhamisi, kwa binti yangu."

Sote tulijua anaondoka, ila nadhani hadi dakika ile hakuna aliyekuwa amefikiria kwamba anakwenda kugonga mlango. Profesa alianza kusema jambo kuhusu usalama. Mke wangu akafunga daftari lake la sini.

"Tumemaliza," alisema.

"Mama Kibali, lakini kama mkanda—"

"Nimesema tumemaliza. Kama una dosari, ni dosari yangu."

Akatoa simu palepale, akapiga ofisi ya bima. Alitaka kusema kiti kile wampe mtu mwingine, maneno machache tu. Alipoanza, kicheko na kilio vikamjia pamoja, akawa anasema "Bosi… bosi…" na hakuna kilichofuata. Upande wa pili tulisikia sauti inauliza kuna nini, umepata ajali? Akamtazama Mwalimu bila msaada. Mwalimu akaichukua simu, akajiweka sawa, na akaongea kwa ile sauti yake ya darasani.

"Huyu mama harudi huko," alisema. "Ana kazi yake."

Akakata simu, akamrudishia mke wangu, na akamuuliza Shangazi kama chai ipo.